Nyumba Njema si Mlango

Popote unaponisikiliza, barazani, jikoni au safarini, nakuomba tukae pamoja tuzungumze juu ya nyumba: namna zinavyotunza kumbukumbu za watu, na namna tunavyoweza kujenga nyumba mpya zitakazoendelea kuzitunza.

Tarehe 25 Desemba 2020, sehemu kubwa ya jumba la Beit el-Ajaib, pale Forodhani mjini Zanzibar, iliporomoka. Mafundi wawili waliokuwa kazini walipoteza maisha. Jumba hilo lilijengwa na Sayyid Barghash bin Said mwaka 1883 kwa ajili ya shughuli za heshima za dola yake. Kuta zake zilikuwa za mawe ya matumbawe, roshani zake zilibebwa na nguzo za chuma cha kusubu, na lilikuwa jengo la kwanza Zanzibar kuwashwa taa za umeme. Mwaka 1896, manowari za Waingereza zilipolipiga kasri kwa mizinga kwa muda usiofika saa moja, jumba la jirani liliharibiwa vibaya, lakini Beit el-Ajaib likabaki limesimama. Kazi iliyoishinda mizinga ikaja kufanywa na uchakavu, tena wakati matengenezo yaliyosubiriwa kwa miaka mingi yalikuwa yamekwisha kuanza.

Baada ya siku ile watu wengi walilia kwa ajili ya saa ya mnara, milango ya kuchonga na roshani pana zinazotazama bahari. Walikuwa na haki ya kulia. Lakini nguzo za chuma zinaweza kusubiwa upya, na saa inaweza kununuliwa. Swali linalonisumbua ni jingine: jengo la kale linapoanguka, ni kitu gani kinachopotea ambacho hata ukiwa na fedha huwezi kukirudisha?

Jibu langu ni hili, nami nitalitetea mpaka mwisho wa mazungumzo yetu. Kumbukumbu ya watu haikai kwenye uso wa jengo. Inakaa katika vipimo vyake, katika mwenendo ambao jengo linawafunza wakazi wake, na katika mikono ya wale wanaojua kulitengeneza. Wahenga walikwisha kutuambia: nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani.

Kwa hiyo leo nakualika tubuni mtindo wa ujenzi ambao bado haupo. Hutaukuta katika mtaala wa chuo chochote wala kwenye ramani ya mhandisi yeyote. Nitauita mtindo wa kidaka, kwa heshima ya vile vishubaka vya ukutani ambamo watu wa pwani waliweka vitu vyao vya thamani. Mtindo ni wa kufikirika, lakini kanuni zake nitaziazima kwenye majengo ya kweli, yaliyosimamishwa na watu wa kweli.

Tuanzie Lamu. Mji wa kale wa Lamu uliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2001, mwaka mmoja baada ya Mji Mkongwe wa Zanzibar. Twende kwenye nyumba moja ya kale ya mawe. Kutoka kichochoroni unapanda kwenye daka, ukumbi mdogo wa mlangoni wenye viti vya mawe kulia na kushoto. Hapo ndipo mwenye nyumba anapokaa jioni, anasalimiana na wapita njia na kupokea wageni ambao hawana haja ya kuingia zaidi. Ukivuka mlango unaingia tekani, ukumbi wa kuingilia ndani, na njia yake inapinda, kwa hiyo mtu aliyesimama mlangoni haoni chochote cha ndani. Unatokea kiwandani, uwanja mdogo ulio wazi juu, unaoiletea nyumba mwanga na upepo. Kutoka hapo vyumba vinafuatana, kimoja nyuma ya kingine, msana baada ya msana, mpaka ufike chumba cha ndani kabisa. Kadiri unavyokwenda ndivyo mwanga unavyopungua na faragha inavyozidi.

Huko ndani ndiko vilikowekwa vidaka, au zidaka kama wanavyosema wenyewe wa Lamu: safu juu ya safu za vishubaka vilivyonakshiwa katika lipu nyeupe ya chokaa, vikipanda kutoka usawa wa kiuno hadi karibu na dari. Humo zilipangwa sahani na bakuli za kauri zilizoletwa na majahazi kutoka mbali, vitabu, na vitu ambavyo familia haikutaka vishikwe ovyo. Wazee waliamini kwamba vidaka vinaikinga nyumba na husuda. Chumba hicho cha ndani ndicho mama alichojifungulia, na huko huko ndani ndiko mwili wa marehemu ulikoandaliwa kabla ya kutolewa kwenda kuzikwa. Na juu ya baadhi ya vichochoro kulijengwa wikio, chumba kinachovuka njia kutoka nyumba hadi nyumba, ili wanawake wa familia mbili watembeleane bila kushuka mtaani.

Nyumba hiyo, msikilizaji, haina kibao cha kueleza historia. Hata hivyo mtoto aliyekulia humo amejua bila kuhubiriwa mgeni anakaa wapi, jirani anaishia wapi, na ni chumba gani hakiingiwi bila hodi. Amejua kibla iko wapi, kwa sababu nyumba nyingi za Lamu zimeelekezwa kaskazini, upande wa Makka. Utaratibu huo wa vyumba ndio kumbukumbu yenyewe. Ukiubomoa ukabakiza mlango wa kuchonga, umebakiza jalada la kitabu na kuchoma kurasa.

Sasa tutazame vipimo. Sakafu na dari za nyumba hizo hubebwa na miti ya mikoko. Wakataji wa mikoko wana jina kwa kila unene: fito, pau, mazio, boriti, nguzo. Boriti iliyobeba sakafu ya mawe na chokaa haiwezi kuvuka nafasi kubwa, ni kiasi cha mita mbili na nusu hadi tatu hivi. Basi upana wa chumba ukafuata urefu wa boriti. Ndiyo maana vyumba vya kale vya pwani yetu ni virefu na vyembamba, kutoka magofu ya Kilwa mpaka mitaa ya Lamu. Na habari haikuishia hapa kwetu. Boriti za delta ya Rufiji na za visiwa vya Lamu zilipakiwa majahazini zikapelekwa na upepo wa kusi hadi Oman, Kuwait na bandari nyingine za Ghuba, ambako miti ya kujengea ni adimu. Huko nako vyumba vya nyumba za zamani vikachukua upana wa mkoko wa Afrika Mashariki. Mtu aliyelala katika chumba cha kale cha Kuwait alilala chini ya kipimo kilichotoka Rufiji.

Kanuni ya kwanza ya mtindo wetu, kwa hiyo, ni kwamba kipimo cha nyumba kitoke mahali ilipo. Sisemi familia ya leo ijibane katika chumba cha mita mbili na nusu. Wala sisemi tufyeke mikoko, maana mikoko ndiyo inayoushika ufukwe usiliwe na mawimbi. Ninachosema ni kwamba tuanze ramani kwa kuuliza: hapa tuna nini? Tanzania ilianzisha Wakala wa Taifa wa Utafiti wa Nyumba Bora na Vifaa vya Ujenzi, ambao kwa miaka mingi ulihimiza matofali ya udongo ya kufungamana, yanayoshindiliwa kwa mashine kutokana na udongo wa palepale. Tofali hilo lina urefu wake na upana wake. Likiachiwa liamue unene wa ukuta, ukubwa wa dirisha na kimo cha kidaka, baada ya vizazi viwili vitatu watu watatambua nyumba za nyanda za juu na nyumba za pwani kwa kuziangalia tu, kama walivyozitambua mababu zetu.

Kanuni ya pili tuichukue Kampala. Katika kilima cha Kasubi kuna makaburi ya wafalme wa Buganda. Nyumba kuu, Muzibu Azaala Mpanga, ilijengwa mwaka 1882 na Kabaka Mutesa wa Kwanza kuwa kasri, na alipofariki mwaka 1884 ikawa kaburi lake. Baadaye walizikwa hapo Mwanga wa Pili, Daudi Chwa wa Pili na Mutesa wa Pili. Ni nyumba ya duara yenye paa kubwa la nyasi linaloshuka mpaka karibu na ardhi. Ukiingia na kuinua macho, unaona paa limeshikwa na pete zilizosukwa, moja ndani ya nyingine, nazo ni 52. Kila pete inasimama kwa ajili ya ukoo mmoja wa Waganda. Tena kazi yenyewe imegawanywa kwa koo: uezekaji ni haki na wajibu wa watu wa ukoo wa Ngeye, na wengine wana sehemu zao.

Tarehe 16 Machi 2010 moto uliiteketeza nyumba ile. Urithi huo ukaingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ulio hatarini, na haukutolewa humo mpaka mwaka 2023. Kwa nini ilichukua zaidi ya miaka kumi? Fedha ni sehemu ya jibu. Sehemu nyingine ni kwamba nyumba ya namna ile haijengwi na mkandarasi aliyeshinda zabuni. Lazima wakuu wa mila wakubaliane, waezekaji wapatikane, na vijana wafundishwe nyasi ipi ikatwe na ifungwe vipi. Moto uliteketeza nyasi na miti, lakini hesabu ya pete 52 haikuungua, kwa sababu ilikuwa vichwani mwa watu wenye koo zao. Hapo ndipo penye somo. Jengo lililoficha hesabu ya watu wake ndani ya muundo wake linaweza kuungua na bado likarudi.

Katika mtindo wa kidaka, kila jengo libebe hesabu ya watu wake. Shule yenye vijiji sita iwe na nguzo sita ukumbini, kila kijiji kikisimamisha ya kwake. Soko lililojengwa kwa michango ya wavuvi na wakulima lionyeshe katika paa lake ni wapi mikono ya wavuvi ilikoishia na ya wakulima ilikoanzia. Mtoto akiuliza kwa nini nguzo ni sita na hazikuwa nne, apate hadithi ya kusimuliwa.

Kanuni ya tatu iko Djenné, nchini Mali. Msikiti mkuu wa mji huo ni wa udongo, na jengo tunaloliona leo lilisimamishwa mwaka 1907 mahali palipokuwa na misikiti ya kabla yake. Udongo na mvua haviendani, kwa hiyo kila mwaka mji mzima hutoka kuukandika msikiti upya. Vijana hubeba tope, wanawake huleta maji, na waashi wa chama cha waashi, ambao wamerithi kazi kwa wazee wao, hupanda kuta. Wanapandia nini? Kuta zimechomozwa vipande vya miti ya mvumo, safu juu ya safu. Mtalii huviona kuwa pambo. Kumbe ndivyo wanavyokanyaga waashi siku ya kukandika. Waliojenga walijua kwamba jengo litahitaji kurudiwa, wakaliwekea ngazi tangu siku ya kwanza.

Nakuomba ulifikirie hilo. Sisi hujenga kana kwamba nyumba ikishapakwa rangi imekwisha. Mfereji wa paa ukiziba, hakuna pa kupandia. Bomba likipasuka ndani ya ukuta, ukuta unavunjwa. Mtindo wa kidaka unataka kila jengo lijengwe pamoja na ngazi yake, na liwe na siku yake. Kabla ya masika kila mwaka, wakazi watoke, wasafishe mifereji, wazibe nyufa, wapake chokaa, na wamweke kijana mmoja karibu na fundi mzee.

Na hapa lazima nizungumzie chokaa, maana ndiyo ujuzi unaotuponyoka haraka kuliko mwingine. Chokaa ya pwani ilichomwa kwa kupanga magogo ya minazi au ya mikoko kwa duara, matumbawe yakarundikwa juu yake, moto ukatiwa. Mawe yakishaiva yaliloweshwa mpaka yakafumuka kuwa unga mweupe, na chokaa hiyo ikaachwa miezi kadhaa ikomae kabla ya kutumiwa. Ukuta uliopigwa lipu ya chokaa unapumua: unyevu unaoingia unapata njia ya kutoka. Ukija na saruji ukaupaka ukuta huo huo wa matumbawe, umeufunga pumzi. Maji yanabaki ndani, chumvi inakusanyika, jiwe linamung'unyika nyuma ya lipu inayoonekana nzima, na vichwa vya boriti vilivyozama ukutani vinaoza. Siku boriti zinapolegea, kuta hazina kinachozishika, na ghorofa inashuka. Mwenye nyumba aliyepaka saruji alikuwa na nia njema, naye alitumia fedha yake. Alichokosa ni mtu wa kumweleza. Fundi aliyejua chokaa alikuwa amekufa, na hakuna aliyeketi karibu naye alipokuwa hai.

Je, makumbusho hayatoshi kututunzia ujuzi huo? Pale Dar es Salaam tuna Kijiji cha Makumbusho, kilichoanzishwa mwaka 1967, penye nyumba za jadi za makabila mbalimbali ya Tanzania. Ni mahali pa thamani, na kama una watoto nakuomba uwapeleke. Lakini mtunzaji yeyote wa nyumba za nyasi atakuambia jambo moja: nyumba ya nyasi isiyokokwa moto ndani haidumu, kwa sababu moshi wa jikoni ndio unaofukuza wadudu na kulikausha paa. Msonge wa Wahaya unataka watu wanaopika ndani yake. Makumbusho yanaweza kutuonyesha umbo. Uhai wa nyumba unaletwa na wakazi.

Ndipo nafika kwenye kanuni ya nne, ambayo kwangu ndiyo moyo wa jambo hili: jengo liwarudishie watu mahali pa kukaa pamoja. Wakazi wa Kariakoo, Ilala na Magomeni wa zamani wanaijua ile nyumba ya vyumba sita. Mbele kuna baraza, katikati kuna ukumbi mrefu wenye vyumba vitatu kila upande, nyuma kuna ua wenye jiko, choo na kamba za kuanikia nguo. Mwenye nyumba alikaa chumba kimoja au viwili, vingine akapangisha. Mpangaji aliyetoka Kigoma alikaa ukutani kwa ukutani na mpangaji aliyetoka Lindi. Barazani bao likachezwa, kahawa ikauzwa, misiba ikatangazwa. Uani wanawake wakajua nani amekosa unga leo kabla mwenyewe hajasema. Katika Mji Mkongwe wa Zanzibar mabaraza ya mawe yamekuwa na kazi ya ziada: mvua kubwa inaponyesha na vichochoro vikajaa maji, watu hutembea juu ya mabaraza.

Leo nyumba hizo zinabomolewa, ghorofa zinapanda. Siwalaumu wanaojenga. Kiwanja cha katikati ya jiji ni mali, na watu wanahitaji vyumba vyenye maji na umeme. Lakini ghorofa nyingi mpya zimeupa mtaa geti la chuma na ukuta mtupu. Mzee anayetoka kupunga upepo hana pa kukaa. Kumbukumbu ya mtaa, ambayo ilipita kutoka mdomo hadi sikio barazani, imekosa kiti.

Wapo waliojaribu njia nyingine, nao tuwakumbuke kwa majina. Msanifu majengo wa Kitanzania Beda Amuli ndiye aliyelisanifu soko kuu la Kariakoo, lililofunguliwa mwaka 1975. Badala ya kuiga soko la Ulaya, aliinua miavuli mikubwa ya zege inayofunika wauzaji kama miti ya gulio, huku ikikinga maji ya mvua na kuyapeleka kwenye matangi chini ya ardhi. Zege lilikuwa la kisasa, hesabu zilikuwa za kisasa, na namna ya kuuza na kununua ilikuwa ya kwetu. Soko hilo liliungua Julai 2021. Hata hivyo, jambo la kujivunia ni kwamba miaka ile, nchi ikiwa changa, Mtanzania aliweza kujenga kitu kipya kabisa ambacho mama muuza mchicha alikitambua kuwa ni chake.

Kanuni ya tano ni nzito. Kumbukumbu si ya furaha peke yake. Katika nyumba nyingi za fahari za pwani, vyumba vya chini viliwekwa watumwa na bidhaa, na jasho lao ndilo lililopandisha kuta tunazozisifu. Pale Mkunazini, Zanzibar, mahali palipokuwa na soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, lilijengwa kanisa kuu la Anglikana, chini ya usimamizi wa Askofu Edward Steere. Kwa mapokeo ya pale, altare imewekwa mahali ulipokuwa mti wa kuchapia watumwa. Unaweza kuwa Mwislamu au Mkristo, na ukasimama pale ukajua kwamba wajenzi walikataa kuufukia uovu ule chini ya sakafu. Waliuweka mbele ya macho ya kila anayeingia. Mtindo wetu usiwe wa kupamba tu. Jengo likisimama mahali palipokuwa na dhuluma, liseme.

Basi, msikilizaji, tuijenge sasa nyumba moja ya mtindo wa kidaka. Tuseme ni ghorofa sita, mtaa wa Magomeni, kwenye kiwanja palipokuwa na nyumba ya vyumba sita. Kabla nyundo ya kwanza haijapigwa, nyumba ya zamani inapimwa, inachorwa na kupigwa picha, na waliowahi kuishi humo wanaandikwa majina, wapangaji pamoja na mwenye nyumba. Jengo jipya linarudi nyuma kidogo kutoka barabarani, na nafasi hiyo inajengwa baraza lenye kivuli, mali ya wakazi na wapita njia. Ukuta wa ukumbi wa kuingilia una kidaka kikubwa. Ndani yake kuna kizingiti cha nyumba iliyobomolewa, mchoro wake, majina ya waliokaa, na majina ya mafundi wote waliojenga jengo jipya, kuanzia mhandisi mpaka mbeba zege. Kila ghorofa ina ukumbi wa katikati unaopitisha upepo, na ua wake wa kuanikia nguo na kukaangia samaki bila kumtia jirani moshi. Kando ya mlango wa kila familia kuna kidaka kidogo, tupu, kisicholipiwa. Mmoja ataweka picha ya bibi, mwingine Msahafu, mwingine Biblia, mwingine kibuyu kilichotoka kijijini. Familia ikihama inachukua chake na kuacha jina lake. Kutani kuna vikanyagio vya kudumu vya fundi, na katika daftari la jengo kuna tarehe ya siku ya matengenezo.

Nani atasema nyumba hiyo haiwezekani? Mtu atataja gharama, na ni haki kuitaja. Baraza linakula hatua moja mbili za kiwanja. Kidaka kinapunguza matofali. Kuandika majina kunahitaji daftari na jioni moja. Kinachogharimu kweli ni utaratibu: halmashauri kuweka sharti la baraza katika vibali vya ujenzi, vyuo vya ufundi kufundisha chokaa na boriti kando ya saruji na nondo, na wasanifu wetu kuliacha kidogo jarida la ng'ambo wakatembee Lamu, Kilwa, Mikindani na Magomeni wakiwa na futi na karatasi. Msanifu Francis Kéré wa Burkina Faso alianza na shule ya udongo kijijini kwao Gando, akaikamilisha mwaka 2001 pamoja na wanakijiji wenyewe. Mwaka 2022 akawa Mwafrika wa kwanza kupewa tuzo ya Pritzker, tuzo kubwa kuliko zote katika usanifu wa majengo. Udongo wa kwao haukuwa umepitwa na wakati.

Nimalizie kwa ombi. Kwenu wasanifu: msitubandikie mlango wa kuchonga kwenye sanduku la zege mkasema mmehifadhi utamaduni. Jengeni ndani kwanza. Kwenu viongozi wa halmashauri: kila kibali cha kubomoa nyumba ya kale kiambatane na mchoro wake na majina ya waliokaa humo, vihifadhiwe mahali ambapo mtoto wa shule anaweza kuvisoma. Kwenu vijana mnaotafuta kazi: mafundi wa chokaa waliobaki ni wazee, na miji yetu ya mawe itawahitaji kwa miaka mingi ijayo, basi nendeni mkaombe kufundishwa.

Na wewe msikilizaji, kama nyumba ya babu yako bado imesimama, usingoje wizara wala mfadhili. Jumapili hii nenda na daftari, chora vyumba vyake, muulize mkubwa wa familia nani alizaliwa chumba kipi na fundi aliyepiga lipu aliitwa nani. Halafu pandeni juu ya paa mtazame panapovuja, na muitengeneze kabla mvua za masika hazijaanza. Usipoziba ufa utajenga ukuta.